Ukinyimwa kituo cha mafuta, aliyekunyima ni nani?

Katika vijiji vingi vya Rukwa petroli ya bodaboda bado inauzwa kwenye chupa za maji, mezani kando ya barabara. Kwa hiyo kila penye njia panda pana mtu anayepiga hesabu za kufungua kituo, na wapo wanaojibiwa hapana. Wengi wao huuliza kama kesi itashinda kabla ya kujua wanamshitaki nani.

Tuseme mfanyabiashara wa Mwazye, wilayani Kalambo, ana kiwanja na mtaji. Anaweza kuiomba kampuni kama Puma au TotalEnergies imfanye wakala, auze kwa nembo ya kampuni hiyo. Au ajenge kituo chake mwenyewe: aiombe EWURA, mamlaka ya udhibiti wa huduma za nishati na maji, kibali cha ujenzi, kisha leseni ya rejareja.

Kampuni ikimkataa, sheria haimsaidii sana. Uwakala ni mkataba, na hakuna anayelazimishwa kuingia mkataba. Kama yapo makubaliano yaliyovunjwa, au alitoa fedha kwa ahadi ya uongo, atadai fidia. Uwakala wenyewe hapati kwa amri ya mahakama. India ni tofauti. Indian Oil, kwa mfano, ni shirika la umma, na katiba ya nchi hiyo inalibana kama inavyoibana serikali, ndiyo maana walioenguliwa kwenye uwakala hukimbilia Mahakama Kuu za majimbo. Kuna atakayeniambia kuwa Serikali yetu nayo ina nusu ya hisa za Puma Tanzania. Ni kweli, lakini nisingemshauri mtu auze ng'ombe kwa ajili ya hoja hiyo.

EWURA ni habari nyingine. Mamlaka hiyo imeundwa kwa sheria, inaamua kwa sheria, na uamuzi wake unakatiwa rufaa kwenye Baraza la Ushindani, linaloongozwa na jaji wa Mahakama Kuu. Sababu za rufaa zinabana: uamuzi haukutokana na ushahidi uliokuwepo, sheria ilitafsiriwa vibaya, utaratibu ulikiukwa kiasi cha kuathiri matokeo, au Mamlaka haikuwa na uwezo wa kuamua jambo hilo. Kusema tu kwamba kijiji kina shida ya mafuta hakutoshi.

Sababu ya utaratibu ndiyo ninayoitazama kwanza. Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba inampa mtu haki ya kusikilizwa pale haki zake zinapoamuliwa, na Mahakama ya Rufani ilikazia katika shauri la Mbeya-Rukwa Autoparts, Rufaa ya Madai Namba 45 ya 2000, kwamba hiyo ni haki ya msingi ya kikatiba. Barua ikisema ombi limekataliwa kwa pingamizi la jirani, uliza: mwombaji alionyeshwa pingamizi hilo? Alipewa nafasi ya kulijibu?

Tarehe nazo zina uzito. Siku za kukata rufaa ni chache. Tunza barua pamoja na bahasha, na unaposaini daftari la dispachi andika tarehe halisi uliyopokea, hata kama barua ina tarehe ya wiki tatu nyuma.

Tabu kubwa ni ombi linalokaa kwenye mfumo bila kukubaliwa wala kukataliwa, maana hakuna uamuzi wa kukatia rufaa. Hapo ndipo Mahakama Kuu, ambayo ipo hata Sumbawanga, inapoweza kuombwa iamuru ofisi itimize wajibu wake. Huanzi na kesi yenyewe: unaomba kwanza ruhusa ya kuifungua, ndani ya miezi sita tangu jambo litokee. Jaji atataka kuona kwamba uliandika kudai jibu na hukupewa. Na kama njia ya rufaa ilikuwepo ukairuka, utaulizwa kwa nini.

Ukishinda usitegemee kutoka na leseni mkononi. Kwa kawaida uamuzi hutenguliwa na ombi hurudi kwa EWURA lipimwe upya kwa haki, na linaweza kukataliwa tena kwa sababu halali. Ndiyo maana aliyekosa cheti cha mazingira au nyaraka za ardhi ni nafuu azikamilishe aombe upya, hasa kwa kuwa masharti ya vituo vya vijijini yamelegezwa na REA, wakala wa nishati vijijini, ina mikopo nafuu ya kuvijenga. Lakini kama kosa ni la aliyeamua, kuomba upya hakusimamishi siku za rufaa.