Klathreti: Gesi Ndani ya Kizimba

Mwanafunzi wa sekondari hufundishwa mapema kwamba gesi za safu ya mwisho ya Jedwali la Elementi, yaani heliamu, neoni, agoni, kriptoni, zenoni na radoni, zina mizingo ya nje iliyotosheka elektroni, na kwa sababu hiyo hazina haja ya kuungana na elementi nyingine. Lakini akifungua kitabu cha kemia kilichochapwa kabla ya mwaka 1962, huenda akakuta, kurasa chache baada ya maelezo hayo, fomula kama vile Ar·6H₂O au Xe·6H₂O. Je, gesi hizo zimeungana na maji, au hazikuungana? Ikiwa zimeungana, basi kanuni aliyofundishwa ina kasoro. Ikiwa hazikuungana, fomula hiyo yatoka wapi? Swali hili si la mzaha, na mwalimu anayelijibu kwa kusema kwamba hiyo ni hali ya pekee amelikimbia. Jibu lake limo katika neno moja lisilotajwa mara nyingi madarasani, nalo ni klathreti.

Vitu vyenyewe vilijulikana kabla ya kupewa jina. Mwaka 1811 Humphry Davy wa Uingereza alionyesha kuwa fuwele zinazopatikana kwa kupoza maji yenye klorini si klorini tupu iliyoganda, bali zina maji ndani yake. Agoni ilipogunduliwa mwaka 1894 na Lord Rayleigh pamoja na William Ramsay, wataalamu walianza mara moja kutafuta kitu kitakachoungana nayo. Mwaka 1895 Ramsay alimpelekea Henri Moissan wa Ufaransa kiasi kidogo cha gesi hiyo ili aijaribu na florini, iliyo kali kuliko elementi zote, wala hapakutokea jambo. Mwaka uliofuata Mfaransa mwingine, Paul Villard, aliishindilia agoni ndani ya maji baridi kwa kanieneo kubwa akapata fuwele zilizofanana na barafu. Baadaye, katika miaka ya 1920, Robert de Forcrand alipata fuwele za namna hiyo kwa kriptoni na zenoni. Kwa hiyo agoni iliyoikataa florini ilikubali kukaa na maji, kimiminika kipole kuliko vyote! Hapo palikuwa na fumbo, na kwa muda wa miaka hamsini lilibaki fumbo.

Aliyelifumbua ni Herbert Marcus Powell wa Chuo Kikuu cha Oxford, wala hakuanza na maji. Alikuwa akichunguza kwa miali ya eksirei fuwele za haidrokwinoni, dutu nyeupe ambayo wapigapicha wa zamani waliijua sana kwa kuwa ilitumika kusafishia filamu. Ilikwisha julikana kwamba haidrokwinoni ikiganda mbele ya gesi fulani, kama dioksidi ya salfa, hutoa fuwele zenye gesi hiyo ndani. Picha za eksirei zilionyesha jinsi mambo yalivyo. Kila molekuli ya haidrokwinoni ina vikundi viwili vya OH, kimoja kila upande. Vikundi sita vya molekuli mbalimbali hushikana kwa vifungo vya haidrojeni na kufanya pete. Pete hizo nazo huunganishwa na molekuli zenyewe zikawa wavu mkubwa unaoenea pande zote. Wavu mmoja una nafasi pana mno, kwa hiyo wavu wa pili husukwa humo humo katikati ya ule wa kwanza bila ya kugusana nao kwa kifungo chochote. Baina ya nyavu hizo mbili hubaki vyumba vidogo vya mviringo, na ndani ya kila chumba mmejifungia molekuli moja ya gesi.

Mwaka 1948 Powell alipendekeza jina la vitu vya aina hii. Alilitoa katika neno la Kilatini clathratus, lenye maana ya kitu kilichozungushiwa fito au nondo zinazokingamana, mfano wa dirisha lenye nondo. Mwaka 1949 yeye na mwenzake walitangaza kwamba haidrokwinoni ikigandishwa chini ya agoni yenye kanieneo la angahewa 40 hivi, agoni nayo hufungiwa vivyo hivyo. Kriptoni na zenoni zikafuata.

Yafaa hapa kutahadhari juu ya mfano mmoja unaokuja upesi akilini, hasa kwa watu wa pwani, nao ni ule wa dema. Dema ni mtego uliokwisha sukwa. Samaki huingia kwa mlango wake mwenyewe akashindwa kutoka. Klathreti haina mlango. Mfano ulio karibu zaidi na kweli ni wa tenga la kuku ambalo fundi analisuka kuku akiwa tayari amesimama pale pale, ufito kwa ufito, mpaka kuku akajikuta yumo ndani. Ndiyo sababu gesi haiwezi kuingizwa katika fuwele za haidrokwinoni ya kawaida zilizokwisha ganda kwa kuzipulizia tu. Hapana budi iwepo wakati fuwele zinapojengeka. Na ndiyo sababu heliamu haifungiki humo: atomi yake ni nyembamba, hupenya katika matundu ya tenga ikaenda zake. Agoni, yenye kipenyo cha nanometa 0.38 hivi, haipenyi.

Wanakemia humwita anayefungwa mgeni, na dutu inayofanya kizimba wakaiita mwenyeji. Istilahi hizi zinaingia katika Kiswahili bila taabu yoyote, ingawa desturi za mgeni huyu si zile za methali. Hakai siku mbili tu. Fuwele za haidrokwinoni na agoni zaweza kuwekwa mezani kwa majuma kadhaa zikiwa na gesi yake, na hata siku ya tatu hapewi jembe, kwani hakuna kazi afanyayo.

Sasa lirudiwe lile swali la mwanzo. Kifungo cha kikemia, kwa maana inayofundishwa shuleni, kinataka elektroni zihame kutoka atomi moja kwenda nyingine au zishirikiwe. Katika klathreti elektroni za agoni hazikuhama wala hazikushirikiwa. Baina ya mgeni na kuta za kizimba zipo kani hafifu tu za van der Waals, zile zile zinazoifanya agoni yenyewe iwe kimiminika inapopozwa sana. Ushahidi ulio wazi ni huu: chumvi ya mezani ikiyeyushwa katika maji haitoi klorini, kwa sababu klorini iliyomo si ile tena iliyoingia. Lakini fuwele za haidrokwinoni na agoni zikiyeyushwa, agoni hutoka kwa vipovu hali ileile iliyokuwa nayo. Kizimba kimevunjika, mfungwa ametoka, naye hakubadilika.

Hata hivyo fomula si uzushi. Katika haidrokwinoni kuna chumba kimoja kwa kila molekuli tatu za mwenyeji, na kama vyumba vyote vingejaa, fomula ingekuwa 3C₆H₄(OH)₂·Ar. Maana yake, gramu 330 za haidrokwinoni, ambazo ujazo wake haufiki nusu lita, zingeweza kuhifadhi gramu 40 za agoni, yaani lita 22.4 za gesi hiyo katika nyuzi 0 na kanieneo la kawaida. Kwa kweli vyumba vyote havijai. Baadhi hubaki vitupu, na idadi ya vitupu hutegemea kanieneo na joto wakati wa kuganda. Kwa hiyo namba inayoandikwa katika fomula ya klathreti ni ukomo wa nafasi zilizopo, si uwiano uliolazimishwa na valensi. Mwanafunzi anayeitumia fomula hiyo kukokotoa valensi ya agoni anafanya kazi ya bure.

Haidrati za maji ndizo zinazoonyesha jambo hili vizuri zaidi. Katika mwaka 1896 Villard alikisia molekuli sita za maji kwa kila atomi ya agoni. Uchunguzi wa eksirei uliofanywa katikati ya karne ya ishirini ulionyesha kwamba molekuli za maji hupangika kuwa vizimba vya pembe nyingi, mbali kabisa na mpangilio wa barafu ya kawaida. Katika muundo wa kwanza, molekuli 46 za maji hufanya vizimba vidogo 2 na vikubwa 6. Vikijaa vyote, wageni ni 8 kwa maji 46, yaani 1 kwa 5.75, na ile 6 ya vitabu vya zamani ilikuwa karibu na hesabu hiyo. Zenoni hufuata muundo huu. Agoni na kriptoni zilidhaniwa kwa miaka mingi kuwa zinaufuata pia, mpaka mwaka 1984 ilipobainishwa kwamba zinapendelea muundo wa pili, wenye molekuli 136 za maji na vizimba 24, kwa kuwa humo vizimba vidogo vinavyowatosha wageni wembamba ni vingi zaidi.

Tofauti baina ya wageni hao yaonekana katika kanieneo linalohitajika. Katika nyuzi 0 za Selsiasi, haidrati ya agoni hudumu ikiwa gesi ina kanieneo la karibu angahewa 100. Kwa kriptoni yatosha angahewa 14 au 15. Na kwa zenoni ni 1.5 tu. Atomi ya zenoni ni kubwa, inakijaza chumba, na wingu lake la elektroni huvutika kwa urahisi kuelekea kuta, kwa hiyo kani za van der Waals zinaikamata vyema. Jina hilo lisimchanganye msomaji: nadharia ya hesabu inayoeleza kanieneo hizo, iliyotolewa mwaka 1959, iliandikwa na van der Waals mwingine, akishirikiana na Platteeuw.

Mwezi Machi mwaka 1962 Neil Bartlett, akiwa Chuo Kikuu cha British Columbia nchini Kanada, alichanganya zenoni na heksafloridi ya platini akapata unga wa rangi ya manjano na machungwa. Alikuwa amekwisha ona kwamba heksafloridi hiyo huipokonya molekuli ya oksijeni elektroni moja. Na nishati ya kuipokonya zenoni elektroni yake ya kwanza, kilojuli 1170 kwa moli, ni karibu sawa na ile ya oksijeni. Hapo kifungo cha kweli kilipatikana, na mwaka huohuo zikafuata floridi za zenoni. Tangu wakati huo jina la gesi bwete limepungua maana, na hata lile la gesi adimu halikai vizuri juu ya agoni, ambayo ni karibu asilimia 0.93 ya hewa, mara nyingi zaidi ya dioksidi ya kaboni.

Kutokana na tukio hilo, neno klathreti lilipata kazi mpya ya kutenganisha. Kabla ya 1962 lilieleza karibu kila kitu kigumu kilichojulikana kuwa na gesi hizi. Baada ya hapo lilisema ni kipi ambacho si kampaundi ya kweli ya zenoni. Hapa majina yanaweza kupotosha. Zenati na perizenati ni chumvi halisi, ambamo zenoni imeshikana na oksijeni kwa vifungo vya kovalensi, kama salfa ilivyoshikana katika salfati. Lakini kriptonati, neno lililotumika katika miaka ya 1960, halimo katika ukoo huo licha ya kuvaa mkia uleule: maana yake ni kitu kigumu chochote, hata kipande cha chuma, kilichopenyezwa kriptoni-85 yenye unururifu ili kutumika katika vipimo. Humo hamna kifungo, wala kizimba kilichopangwa. Aliyelibuni aliliazima umbo ambalo lilikuwa na mwenyewe.

Haidrati ya zenoni iliwahi kuingia hata katika tiba. Mwaka 1951 zenoni ilionyeshwa kuwa inaweza kumlaza mgonjwa wakati wa upasuaji, jambo la kushangaza kwa gesi isiyoungana na chochote mwilini. Mwaka 1961 Linus Pauling alidokeza kwamba huenda fuwele ndogo sana za klathreti hujengeka ndani ya ubongo na kuzuia mikondo ya umeme ya neva. Dokezo hilo lilikuwa zuri, lakini halikushinda. Leo usingizi huo waelezwa zaidi kwa jinsi zenoni inavyojipachika katika mifuko ya protini za neva. Hapo pia hukaa bila ya kifungo, ila mwenyeji ni mwingine.

Nje ya maabara, neno hili limehamia kwa methani, ambayo hukaa katika vizimba vya maji vya muundo uleule wa zenoni. Mwaka 1934 E. G. Hammerschmidt alionyesha huko Marekani kwamba kilichokuwa kikiziba mabomba ya gesi asilia si barafu, bali ni haidrati, inayoweza kuganda hata katika joto lililo juu ya nyuzi 0. Katika bahari kuu mbele ya Lindi na Mtwara, ambako gesi asilia imegunduliwa tangu mwaka 2010, maji ya kina cha zaidi ya meta 1000 ni baridi na kanieneo lake ni zaidi ya angahewa 100. Mhandisi wa mabomba ya huko hana budi kuiweka klathreti katika hesabu zake. Methani ya Ziwa Kivu haimo katika habari hii. Kina cha ziwa hilo, karibu meta 485, kinaleta kanieneo la angahewa 50 hivi tu, na maji ya chini yana joto la zaidi ya nyuzi 20, ambapo vizimba vya methani vingetaka mamia ya angahewa. Gesi ya Kivu imeyeyuka tu majini, kama ile ya soda ndani ya chupa.