Mohamed Husen: Mwalimu wa Kiswahili katika Filamu za Kijerumani

Mohamed Husen, mzaliwa wa Dar es Salaam (1904), alitumikia jeshi la Wajerumani tangu utotoni. Mwaka 1929 alifika Berlin kudai malimbikizo ya mishahara, yake na ya babake, akaambiwa amechelewa.

Alibaki huko, akafundisha Kiswahili chuo kikuu. Kati ya 1934 na 1941 aliigiza pia katika filamu zisizopungua 20, daima katika nafasi ndogo ndogo. Iliyo kubwa kuliko zote ni ile ya Ramasan katika *Carl Peters* (1941), filamu iliyotukuza, ajabu ya mambo, ukoloni uleule uliomnyima haki yake. Mwaka huohuo alikamatwa kwa uhusiano na mwanamke wa Kizungu. Alifia katika kambi ya Sachsenhausen, Novemba 1944.