Mzazi Hajatoka Hatarini: Kifafa cha Mimba Baada ya Kujifungua na Namba Iandikwayo Hospitalini

Ni mazoea ya wengi kuamini kwamba mama akishajifungua na mtoto akalia, hatari imekwisha. Vigelegele hupigwa, uji wa moto huletwa, na mume aliye zamu kambini hupelekewa habari kwamba wote wawili ni wazima. Lakini shinikizo la damu la mzazi huweza kupanda sana kati ya siku ya tatu na ya sita baada ya uzazi, hata kwa mama ambaye wakati wa mimba hakuonyesha dalili yoyote. Likifika 160 kwa 110 ni jambo la dharura. Huweza kuleta kifafa cha mimba, kuvuja kwa damu ubongoni, au ule ugonjwa mbaya ambao chembe nyekundu za damu hupasuka, ini huumia na damu hushindwa kuganda.

Ndugu msomaji, mgonjwa wa namna hii hutibiwa kitandani, lakini pia huandikwa mezani. Kila ugonjwa una namba yake katika orodha ya kimataifa ya maradhi, ambayo asili yake ni ile iliyotolewa na Jacques Bertillon wa Paris mwaka 1893. Shirika la Afya Duniani liliichukua mwaka 1948, na toleo la kumi likaidhinishwa mwaka 1990. Toleo la kumi na moja lilianza kutumika mwaka 2022, ingawa nchi nyingi zingali na la kumi.

Katika toleo hilo la kumi, mambo ya mimba na uzazi yamewekwa chini ya herufi O. Kifafa cha mimba ni O15, na tarakimu ya mwisho hueleza wakati: 0 ni kabla ya kujifungua, 1 ni wakati wa uchungu, 2 ni baada ya kujifungua. Hivyo mzazi aliyeanguka kifafa siku ya nane ni O15.2.

Tuseme mzazi huyo ni wa Buyenzi, na amefikishwa hospitalini usiku, hajitambui. Nduguze wanasema alilalamika kichwa na homa. Mji wetu uko kando ya ziwa, na malaria ni mgeni asiyebisha hodi. Basi ndiyo hushukiwa kwanza. Ikiandikwa malaria, namba ni B54. Likiandikwa neno kifafa peke yake, ni G40. Daktari aliyechoka akiandika herufi tatu tu za Kifaransa, HTA, karani asiyeambiwa habari za uzazi ataweka I10, shinikizo la kawaida la watu wazima. Na mama akifariki kwa damu ubongoni, nacho kikaandikwa hicho tu, ni I61. Hakuna hata moja kati ya hizo yenye herufi O. Mama huyo ametoka katika hesabu ya vifo vya uzazi, na mwenye kuagiza dawa kwa kutazama hesabu ataona haja ndogo kuliko ilivyo.

Dawa yenyewe haina fumbo. Ni magnesiamu salfeti, na hutolewa mpaka saa 24 zipite tangu kujifungua au tangu mtukutiko wa mwisho. Majaribio yaliyochapishwa mwaka 2002, ya wanawake wapatao 10,000 katika nchi 33, yalionyesha kwamba hupunguza hatari ya kifafa hicho kwa nusu. Dawa ya malaria haiwezi kazi hiyo.

Wazee wetu waliomweka mzazi ndani siku arobaini hawakuwa mbali na wataalamu: hesabu ya kimataifa ya kifo cha uzazi ni siku 42. Akifa baadaye, kabla ya mwaka kutimia, kwa sababu zitokanazo na uzazi, huandikwa O96. Mwaka ule wa 1990 nchi zilishauriwa pia kwamba cheti cha kifo kiulize kama marehemu alikuwa na mimba katika mwaka uliotangulia. Ni swali fupi mno kwa uzito wake.

Basi mzazi akiumwa kichwa kisichotulia, akiona ukungu au vimulimuli, akisikia maumivu chini ya mbavu za kulia au akihema kwa shida, apelekwe hospitali saa ile ile, na neno la kwanza mlangoni liwe, “Amejifungua juzi,” au siku yoyote iliyo kweli. Anayempeleka aombe kipimo cha shinikizo kabla ya kueleza homa. Siku ya kuruhusiwa, mume au shangazi amwombe daktari kwa adabu aandike maneno kamili, *éclampsie du post-partum*, wala si herufi tatu. Karatasi hiyo itunzwe pamoja na vyeti vya nyumba. Mimba nyingine ikija, mkunga akiisoma atajua kwamba mama huyu yumo katika wale wanaostahili aspirini ya miligramu 75 kila siku, ikiwezekana kuanzia kabla ya wiki ya 20.