Skrini nzima: Kwa nini michezo ya kompyuta ya zamani hukataa kujaza kioo?

Mchezo wa kompyuta unapofunguliwa na kuonekana kama picha ndogo katikati ya kioo cheusi, wengi hudhani kompyuta ni mbovu au faili za mchezo zimeharibika. Mara nyingi hakuna kilichoharibika. Mchezo ulitengenezwa kwa skrini ya umbo moja, na sasa unachezwa kwenye skrini ya umbo jingine.

Suala hili linawagusa kwa karibu wachezaji wa Afrika Mashariki. Kompyuta zilizokwisha kutumika, kama zile zinazouzwa Luthuli Avenue jijini Nairobi au Kariakoo jijini Dar es Salaam, mara nyingi hazina nguvu ya kuendesha michezo mipya, lakini huimudu vizuri ile ya miaka ya 1990 na mwanzoni mwa miaka ya 2000. Na ni michezo hiyo hasa inayosumbua inapotakiwa kujaza skrini.

Ufumbuzi upo, na kwa kawaida hauhitaji kununua chochote. Kwanza, hata hivyo, inafaa kuelewa chanzo cha tatizo, kwa sababu kujaza kioo na kuuona mchezo ulivyokusudiwa ni mambo mawili tofauti.

Tofauti ya maumbo

Skrini za chogo, zile zenye mgongo mkubwa zilizotawala hadi katika muongo wa 2000, zilikuwa na uwiano wa 4 kwa 3: kila vipimo vinne vya upana vilikuwa na vitatu vya kimo. Skrini bapa za leo nyingi zina uwiano wa 16 kwa 9, ambao ni mpana zaidi.

Chukua skrini ya kawaida ya leo yenye pikseli, yaani nukta za mwanga, 1920 kwa upana na 1080 kwa kimo. Picha ya 4 kwa 3 ikikuzwa hadi ifike juu na chini ya skrini hiyo, itachukua upana wa pikseli 1440 tu. Zinabaki pikseli 480, ambazo hugawanywa kuwa mistari miwili myeusi ya pikseli 240, mmoja kila upande. Robo nzima ya kioo hubaki tupu.

Mtu akilazimisha picha hiyo ifike hadi kingo zote mbili, upana wake huongezeka kwa theluthi moja ilhali kimo hakibadiliki. Duara huwa yai, na wahusika huonekana wanene na wafupi.

Kuna tofauti nyingine isiyoonekana kwa urahisi. Skrini ya chogo haikuwa na idadi moja ya pikseli iliyofungwa ndani yake. Iliweza kuchora picha ya ukubwa mmoja na baadaye ya ukubwa mwingine, zote zikionekana sawa. Skrini bapa ina pikseli zilizopangwa kiwandani, na idadi yake haibadiliki. Picha yenye kimo cha pikseli 480 ikipelekwa kwenye skrini yenye kimo cha 1080, kila pikseli moja inapaswa kugeuzwa kuwa mbili na robo. Kwa kuwa robo ya pikseli haiwezi kuwashwa, kompyuta huchanganya rangi za pikseli jirani, na picha hupata ukungu.

Mfano wa Doom

Mchezo wa Doom, uliotolewa na kampuni ya Kimarekani ya id Software tarehe 10 Desemba 1993, unaeleza vizuri jambo hili. Picha yake ilikuwa na pikseli 320 kwa 200, jumla 64,000. Idadi hiyo ilikuwa na sababu yake: kila pikseli ilichukua baiti moja ya kumbukumbu, na picha nzima iliingia ndani ya kipande kimoja cha baiti 65,536, kiasi ambacho kompyuta za mfumo wa DOS ziliweza kukifikia kwa mkupuo na kwa kasi.

Skrini ya leo ya 1920 kwa 1080 ina pikseli zaidi ya milioni mbili, mara 32 ya zile za Doom. Ndiyo maana mchezo kama huo, usipokuzwa, huonekana kama stempu iliyobandikwa katikati ya bahasha.

Kuukuza nako kuna mtego. Uwiano wa 320 kwa 200 si 4 kwa 3. Kwenye skrini za chogo, kila pikseli ilivutwa kidogo kwenda juu, kimo chake kikawa mara 1.2 ya upana wake. Wasanii wa mchezo walichora wakilijua hilo. Programu ya leo inayozichukulia pikseli hizo kuwa za mraba huonyesha kila kitu kikiwa kimebonyezwa kutoka juu. Mchezaji anaweza kuumaliza mchezo mzima bila kujua kwamba hajapata kuuona katika umbo lake halisi.

Windows ilipofunga mlango

Katika Windows XP, programu ya DOS iliweza kufunguliwa ikajaza kioo kwa kubonyeza vitufe vya Alt na Enter kwa pamoja. Windows Vista, iliyoanza kuuzwa kwa umma Januari 2007, ilileta namna mpya ya kuendesha kadi za michoro, na uwezo huo ukaondolewa. Aliyejaribu alipata ujumbe kwamba mfumo huo hauruhusu skrini nzima. Matoleo ya Windows ya biti 64, ambayo sasa ndiyo ya kawaida, hayaendeshi kabisa programu za DOS.

Pengo hilo limezibwa na DOSBox, programu ya bure iliyoanza kutolewa mwaka 2002 na Waholanzi wawili, Peter Veenstra na Sjoerd van der Berg. Programu hiyo huigiza kompyuta nzima ya zamani ndani ya kompyuta mpya, ikiwa na kadi yake ya sauti na kadi yake ya michoro. Mchezo hudhani umerudi katika miaka ya 1990.

Ndani ya DOSBox, vitufe vya Alt na Enter hufanya kazi kama zamani. Iwapo picha inabaki ndogo hata baada ya hapo, faili ya mipangilio yake hufunguliwa kwa programu yoyote ya kuandikia maandishi matupu, na mistari minne hubadilishwa isomeke hivi: "fullscreen=true" ili mchezo uanze ukiwa umejaza skrini; "fullresolution=desktop" ili ukubwa wa picha ufuate skrini iliyopo; "output=opengl" ili kadi ya michoro ifanye kazi ya kuikuza picha; na "aspect=true" ili uwiano wa 4 kwa 3 uheshimiwe. Mara nyingi wanaolalamika huwa wamebadilisha miwili ya kwanza na kuisahau miwili ya mwisho.

Hatua kwa michezo ya Windows

Kwa michezo iliyotengenezwa kwa ajili ya Windows yenyewe, mafundi hufuata mpangilio unaoanza na jambo jepesi.

La kwanza ni Alt na Enter. Michezo mingi huitikia vitufe hivyo, ingawa si yote. Michezo inayochezwa ndani ya kivinjari cha intaneti kwa kawaida huitikia kitufe cha F11.

La pili ni mipangilio ya mchezo wenyewe. Ukubwa wa picha uchaguliwe ule unaolingana na skrini. Kompyuta mpakato nyingi za bei nafuu zina skrini ya 1366 kwa 768, hivyo kuchagua 1920 kwa 1080 hakuna faida.

La tatu ni ukuzaji wa maandishi. Windows kwenye kompyuta mpakato mara nyingi hukuza maandishi na alama kwa asilimia 125 au 150 ili yasomeke. Michezo ya zamani haijui jambo hilo, na baadhi huonyesha sehemu tu ya picha, pembe moja ikiwa imekatika. Dawa yake ni kubonyeza faili ya mchezo kwa kitufe cha kulia cha kipanya, kufungua sifa zake, kwenda kwenye ukurasa wa upatanifu, na kuagiza kwamba ukuzaji wa maandishi ufanywe na mchezo wenyewe, si na Windows. Ukurasa huohuo una chaguo la kuendesha mchezo kwa picha ya 640 kwa 480 na la kupunguza idadi ya rangi, mambo yaliyohitajiwa na michezo mingi ya mwisho wa miaka ya 1990.

La nne ni programu ya kadi ya michoro, iwe ya Nvidia, AMD au Intel. Ndani yake kuna machaguo matatu ya msingi: kuiacha picha katika ukubwa wake, kuikuza bila kuharibu uwiano, au kuivuta ijaze kioo chote. Chaguo la pili ndilo linalofaa michezo mingi ya zamani. Tangu mwaka 2019, baadhi ya kadi zimepata chaguo la nne, la kuzidisha kila pikseli kwa namba kamili, mara mbili, tatu au nne, bila kuchanganya rangi. Picha haifiki kingo zote, lakini ukungu hutoweka.

Skrini nzima za aina mbili

Katika michezo mipya, mchezaji hukutana na machaguo mawili yanayofanana kwa sura. La kwanza ni skrini nzima halisi, ambapo mchezo huimiliki skrini peke yake na unaweza kubadilisha ukubwa wa picha. La pili ni dirisha lisilo na kingo, lililotandazwa hadi likafunika kioo chote.

La pili humruhusu mchezaji kuhama haraka kwenda kusoma ujumbe na kurudi, na halizimi picha kwa sekunde kadhaa kila anapohama. La kwanza huwafaa wenye kompyuta dhaifu, kwa sababu ukubwa wa picha unaweza kupunguzwa. Picha ya 1280 kwa 720 ina pikseli 921,600, chini ya nusu ya zile za 1920 kwa 1080. Mzigo wa kadi ya michoro hupungua, na mchezo uliokuwa ukikwama huweza kwenda.

Wanaovuta picha kwa makusudi

Wapo wanaokubali upotoshaji wa picha wakijua wanachofanya. Miongoni mwa wachezaji wa kulipwa wa Counter-Strike, wengi hutumia picha ya 1280 kwa 960 iliyovutwa ijaze skrini pana. Maadui huonekana wanene zaidi, jambo ambalo baadhi yao hulihesabu kuwa msaada wa kulenga shabaha.

Gharama yake hupatikana pembeni. Katika uwiano wa 4 kwa 3, mchezo huo huonyesha pembe ya nyuzi 90 mbele ya mchezaji. Katika 16 kwa 9 huonyesha takriban nyuzi 106. Adui aliyesimama ndani ya tofauti hiyo haonekani. Aidha, mwili uliovutwa huonekana pia kupita skrini kwa kasi zaidi, kwa kiwango kilekile cha kunenepa kwake.

Tahadhari dhidi ya njia za mkato

Anayetafuta ufumbuzi kwenye intaneti hukutana pia na programu ndogo zinazoahidi kujaza skrini kwa kubonyeza mara moja. Baadhi ni kazi halali za watu wa kujitolea. Nyingine hubeba virusi, hasa zile zinazomtaka mtumiaji azime kinga ya kompyuta kabla ya kuzifungua. Kwa kompyuta inayotumiwa na familia nzima, yenye nywila za benki na picha za watoto, mistari miwili myeusi ni hasara ndogo kuliko hiyo. Busara ni kumaliza kwanza hatua zilizomo ndani ya Windows na ndani ya kadi ya michoro, kisha kupakua programu kutoka kwa watengenezaji wake wenyewe.

Urithi unaopotea

Utafiti uliotolewa Julai 2023 na taasisi ya Marekani ya Video Game History Foundation, kwa kushirikiana na Software Preservation Network, ulionyesha kuwa asilimia 87 ya michezo ya video iliyotolewa nchini humo kabla ya mwaka 2010 haipatikani tena sokoni. Haki zilizogubikwa na utata na mashine zilizochakaa ni baadhi ya sababu. Mchezo unaogoma kwenye skrini mpya huelekea njia hiyohiyo: asiyeweza kuuona vizuri huuacha, na usio na wachezaji hukosa mtu wa kuutunza.

Baadhi ya wenye haki wamechukua hatua. Msimbo wa Doom ulitolewa hadharani Desemba 1997, na tangu hapo watu wa kujitolea wametengeneza matoleo yanayokubali skrini za kila umbo. Toleo liitwalo Chocolate Doom hubaki karibu kabisa na mchezo wa mwaka 1993, pamoja na uwiano wake. StarCraft, wa mwaka 1998, ulianza kutolewa bure mwaka 2017, na mwaka huohuo likatoka toleo lililochorwa upya kwa skrini pana. Nchini Poland, duka la mtandaoni la GOG, lililoanzishwa mwaka 2008, huuza michezo ya zamani ikiwa imeandaliwa kwa kompyuta za sasa. Mingi ya ile ya DOS huja na DOSBox ndani yake, ikiwa imepangwa tayari.

Kwa mchezo ambao haujapata mlezi wa namna hiyo, kazi hubaki mikononi mwa mchezaji. Kipimo chake ni chepesi: atafute ndani ya mchezo kitu kinachojulikana kuwa duara, kama vile gurudumu, sarafu au mwezi, na akitazame. Kikiwa duara, picha iko sawa, hata kama mistari myeusi imebaki pembeni. Kikiwa yai, skrini imejaa lakini picha imepotoshwa, na mipangilio ya uwiano ndiyo ya kurudiwa.