Nafasi Imejaa: Nini Kifutwe, Nini Kibaki

Umecheza hadi hatua uliyoihangaikia wiki nzima, unataka kuhifadhi, na mashine inakujibu kwamba nafasi haitoshi. Au umeshika simu, unataka kupiga picha daftari la mwenzako kabla hajapanda gari la mwisho la kwenda Kiwira, na simu nayo inakataa. Tatizo ni lile lile. Na katika hali zote mbili, mtu mwenye haraka hufuta kitu cha kwanza anachokiona.

Mada ya vifaa vya kuhifadhi data imo katika somo lako la kompyuta, na maswali yake hupoteza alama za bure kila mwaka kwa sababu watahiniwa hukariri maana bila kuwahi kuiona kazi yenyewe. Kwa hiyo hapa nitatumia kifaa ambacho wengi wenu mnakifahamu kuliko kompyuta ya maabara: mashine ya gemu ya mkononi. Hapa Makandana, na Tukuyu kwa jumla, bado utakutana na PSP zilizopita mikono mitatu minne, na mara chache Nintendo Switch iliyoletwa na ndugu aliyesafiri. Shuleni haziruhusiwi, na sitaki kuiona hata moja darasani. Lakini likizoni ziko nyumbani, na zinafundisha.

Tuanze na neno linalochanganya. Mtaani tunasema "memori" kwa vitu viwili tofauti. Kuna RAM, ambayo ni hifadhi ya msingi: mashine inaitumia wakati inafanya kazi, na ukizima kilichomo kinapotea. Halafu kuna hifadhi ya upili, ambayo inabaki na data hata umeme ukikatika: kumbukumbu ya ndani ya kifaa, memori kadi, diski. PSP ya kwanza, iliyotoka Japani Desemba 2004, ilikuwa na RAM ya megabaiti 32 tu. Switch, iliyotoka Machi 2017, ina RAM ya gigabaiti 4 na hifadhi ya ndani ya gigabaiti 32. Mashine inaposema nafasi imejaa, inazungumzia hifadhi ya upili. Kuzima na kuwasha hakutasaidia chochote, ingawa kila mtu hujaribu.

Sasa, nini kinachojaza? Kwanza ni gemu yenyewe, na hapo ndipo ulipo mzigo. Gemu ya Tetris iliyotoka na Game Boy mwaka 1989 ilikuwa na ukubwa wa kilobaiti 32. Gemu moja kubwa ya Switch, The Legend of Zelda: Breath of the Wild, inazidi gigabaiti 13. Ukichukua gigabaiti 13 kamili na kuzigeuza kuwa kilobaiti, unapata:

13 × 1024 × 1024 = 13,631,488

Gawanya kwa 32, jibu ni 425,984. Yaani katika nafasi ya gemu hiyo moja zingeingia Tetris zaidi ya laki nne. Tofauti hiyo imetokana hasa na picha, sauti na video, si na akili ya gemu.

Kitu cha pili ni faili la maendeleo yako: umefika wapi, una nini, umeshinda nani. Hili ni dogo sana. Kwenye PSP mara nyingi halifiki megabaiti moja. Kitu cha tatu ni mchanganyiko wa picha za skrini, video, muziki na masasisho ya gemu ambazo huchezi tena.

Angalia ulinganifu ulivyo. Kinachokula nafasi kubwa kinaweza kupatikana tena. Kile kidogo kabisa, faili la maendeleo, hakipatikani popote duniani ila hapo ulipo, kwa sababu ni kazi ya mikono yako. Kwa hiyo swali la kujiuliza kabla ya kufuta si "kipi ni kikubwa?" peke yake. Uliza pia: nikikifuta, nitakipata tena wapi, na kwa gharama gani?

Waliotengeneza Switch walilifikiria hilo. Ukiondoa gemu kwenye mashine hiyo, faili la maendeleo linabaki katika kumbukumbu ya ndani. Ipo hata njia ya kuiweka gemu kando: data yake inafutwa, alama yake inabaki kwenye skrini, na siku ukiitaka unaipakua upya na kuendelea ulipoachia. Kufuta maendeleo yenyewe kuna sehemu yake ya pekee katika mipangilio, mbali na hapo, ili usiifikie kwa bahati mbaya. PSP haikulindi hivyo. Kwenye memori kadi yake kuna folda iitwayo PSP, ndani yake kuna GAME na SAVEDATA. Ukiunganisha na kompyuta na kufuta folda nzima ya PSP ili upate nafasi, umefuta vyote viwili.

Kuhusu gharama ya kupakua upya, fanya hesabu kabla hujajipa moyo. Tuseme intaneti yako inakupa megabiti 4 kwa sekunde. Hapa ndipo wengi hukosea: megabiti si megabaiti. Baiti moja ina biti 8. Gigabaiti 13 ni megabaiti 13,312, ambazo ni megabiti 106,496. Gawanya kwa 4, utapata sekunde 26,624, karibu saa saba na nusu, kama mtandao hautayumba hata dakika moja. Nani wa Rungwe ana mtandao usioyumba siku ya mvua? Na bando la gigabaiti 13 analipa nani? Kwa mtoto wa hapa, kitu "kinachopatikana tena" kinaweza kuwa hakipatikani tena, kwa hiyo jibu lake na jibu la mtu wa Tokyo halitafanana.

Nikupe kisa. Kijana mmoja wa kidato cha nne alikuwa na PSP na simu, na memori kadi moja tu. PSP inatumia aina yake ya kadi, lakini kuna kiunganishi cha bei nafuu kinachokuwezesha kuingiza kadi ndogo ya simu. Akawa anaihamisha: mchana kwenye simu, usiku kwenye PSP. Katika kadi hiyo alikuwa na picha za daftari zima la Baiolojia na la Historia aliloazima kwa mwenzake, na mwenzake ameshahama shule. Usiku mmoja PSP ikamwambia nafasi haitoshi. Akaingia kwenye mipangilio, akaona sehemu ya kufomati, akadhani maana yake ni kusafisha uchafu. Akakubali. Ilichukua sekunde chache, akafurahi kuona kadi tupu.

Alikuja kwangu asubuhi, uso umemshuka, ilikuwa Oktoba. Mitihani ni Novemba.

Swali langu la kwanza lilikuwa: umeandika kitu chochote kwenye hiyo kadi tangu jana? Akasema hapana, aliogopa hata kuigusa. Hapo nikajua tuna bahati, na sababu yake ndiyo kiini cha mada hii, kwa hiyo isome polepole.

Fikiria ghala la viazi. Mwenye ghala ana daftari: chumba cha kwanza magunia ya fulani, chumba cha pili ya fulani. Ukimwambia aondoe mzigo wako, hawezi kuhangaika kubeba magunia saa hiyo. Anachukua kalamu, anafuta mstari wako kwenye daftari, basi. Kwa mujibu wa daftari chumba ni kitupu. Ukifungua mlango, viazi vipo. Vitaendelea kuwepo mpaka mteja mwingine apewe chumba hicho na mzigo wake uchukue nafasi.

Memori kadi inafanya vivyo hivyo. Ina orodha ya majina ya faili na mahali kila faili linapokaa. Unapofuta, au unapofomati kwa njia ya haraka, kinachobadilika ni orodha. Sababu ni ya kiufundi: kadi hizi ni za aina ya flashi, teknolojia ambayo Fujio Masuoka wa kampuni ya Toshiba aliitangaza mwaka 1984. Flashi haifuti baiti moja moja, inafuta kipande kizima kwa mkupuo, na kila kipande huchakaa kadiri kinavyofutwa na kuandikwa. Kwa hiyo ni nafuu kubadili orodha tu na kuacha data ya zamani ikae mpaka nafasi yake ihitajike.

Tukaiweka kadi kwenye kompyuta ya shule na kutumia PhotoRec, programu ya bure inayopuuza orodha na kutafuta moja kwa moja alama za mwanzo wa picha. Ilichukua karibu saa mbili. Picha nyingi zilirudi. Lakini zilirudi bila majina wala mpangilio, maana majina yalikuwa kwenye orodha iliyofutwa: ukurasa wa uyeyushaji wa chakula umefuatwa na Vita vya Majimaji, na baadhi ya picha nusu yake ya chini ni kijivu tupu. Alitumia siku nne kuzipanga, siku nne ambazo angekuwa anasoma. Kurasa chache hatukuzipata kabisa.

Usichukue kisa hiki kama dawa. Kwanza, kingekuwa tofauti kama angepiga picha hata chache mpya kwenye kadi ile. Pili, hali hiyo ni ya memori kadi. Kumbukumbu ya ndani ya simu za siku hizi hufungwa kwa msimbo wa siri, na mfumo husafisha vipande vilivyofutwa wenyewe, kwa hiyo kilichofutwa humo na kuondolewa kwenye kapu la taka mara nyingi kimekwenda.

Jambo jingine ambalo watu huuliza: kadi yangu imeandikwa 64, mbona kifaa kinaonyesha 59 na kitu? Si wizi. Kiwanda kinahesabu gigabaiti moja kuwa baiti 1,000,000,000. Vifaa vingi vinahesabu kwa 1024, ambapo gigabaiti ni baiti 1,073,741,824. Gawanya 64,000,000,000 kwa namba hiyo, utapata 59.6. Kwenye mtihani tumia 1024 isipokuwa swali limesema vinginevyo.

Wizi upo mahali pengine. Kuna kadi za bei ya kutupa zilizoandikwa 128 ambazo ndani yake zina gigabaiti 8. Kidude kinachoiongoza kadi kimechezewa ili kitoe taarifa ya uongo. Utanakili mafaili, majina yote utayaona na ukubwa wake utauona, lakini ukizidisha zile 8 za kweli, data mpya inapotea au inakalia ya zamani. Mimi mwenyewe niliwahi kununua moja na nikaitumia miezi mitatu kabla ya kugundua, kwa sababu hakuna aliyewahi kuniambia nifungue faili baada ya kulinakili. Kadi mpya ijaze kabisa kwa mafaili usiyoyahitaji, kisha fungua ya kwanza na ya mwisho. Kwenye kompyuta ya Windows programu ya H2testw inafanya jaribio hilo yenyewe.

Kwa hiyo unapotaka nafasi, anza na video na picha za skrini, kisha gemu ambazo huzichezi na unazo kwenye diski au unaweza kuzipata kwa mtu. Kisichopatikana tena, yaani faili la maendeleo, picha za madaftari, picha za familia, kinakiliwe kwanza kwenye kifaa kingine. Baada ya kunakili, fungua nakala uione kwa macho. Kisha ndipo ufute. Mpangilio huo usiugeuze hata kama mwenye kompyuta anakuharakisha anataka kufunga duka. Na neno "fomati" likitokea kwenye skrini, maana yake ni kuanza daftari la ghala upya, kwa wateja wote, si kwa mmoja.

Swali la mazoezi

Memori kadi ya Amani imeandikwa GB 32 na kiwanda. Ndani yake kuna gemu mbili, moja ya GB 13 na nyingine ya GB 9, faili la maendeleo la KB 600, na picha 1,500 za madaftari, kila moja MB 3. Hana nakala ya picha hizo mahali popote. Anataka kuongeza gemu ya GB 5.

(a) Onyesha kwa hesabu kama gemu hiyo itaingia bila kufuta kitu.
(b) Mdogo wake anamshauri afute faili la maendeleo ili kupata nafasi. Toa sababu mbili za kuukataa ushauri huo.
(c) Eleza angefuta nini, na angefanya nini kabla ya kufuta.

Katika (a), anayeanza na 32 kamili atabaki na nafasi ya zaidi ya GB 5 na atasema inaingia. Anza na ukubwa halisi ambao kifaa kitauonyesha, utabaki na takribani GB 3.4.