Je, Ni Pombe Iliyoshika Panga?

Wasomaji wa upande wa Meru waujua mtaa wa Kinoru, penye uwanja wa michezo ambao jina lake husikika redioni timu kubwa zikija kucheza. Mimi nakaa jirani na hapo. Kazi yangu ni ukarani wa Serikali, na kwa kuwa watu husema karani hakosi kalamu, jioni huja nyumbani kwangu kuandikiwa barua. Jioni moja alikuja mama mmoja pamoja na mwanawe, kijana wa miaka 24. Kijana huyo alikuwa nje kwa dhamana. Usiku wa Jumamosi alikuwa amemkata kaka yake mkononi kwa panga, naye alitaka kumwandikia hakimu barua ya kuomba huruma. Maneno ya kwanza alikuwa ameyatunga mwenyewe njiani: "Mheshimiwa, si mimi niliyetenda jambo hili, ni pombe."

Niliweka kalamu chini. Si kwamba sikumhurumia, bali maneno hayo nimeyasikia mara nyingi mno, hata nashangaa kwamba pombe yenyewe haijapandishwa kizimbani ijibu mashtaka yake. Nikamwambia, "Ndugu yangu, nieleze siku ile tangu mchana."

Akanieleza. Alikuwa amekesha na wapakiaji wa miraa, akitafuna, bila kula chakula cha maana. Alasiri alikwenda kunywa ili apate usingizi, kama ilivyo desturi ya watafunaji wengi wa huku kwetu. Baani aligombana na mtu aliyemnyima ujira wake; lakini mtu yule ni mkubwa wa mwili na ana marafiki, kwa hiyo hakumgusa. Nje alikutana na askari, akavua kofia na kumwamkia kwa adabu. Alipofika barabara kuu alisimama akangoja lori lipite, kisha akavuka. Nyumbani, mama yake huficha panga chini ya magunia ya mahindi kila Jumamosi. Akapakumbuka mahali pale, akalichomoa, akamkata kaka yake, ambaye kosa lake lilikuwa kumwambia apunguze sauti kwa sababu watoto wamelala.

"Baada ya hapo sikumbuki kitu, karani," alisema. Mama alikuwa akitazama sakafu.

Basi wasomaji na wapime. Mtu huyu alimwogopa mwenye nguvu, akamheshimu askari, akaliogopa lori. Pombe ile ile iliyokuwa tumboni mwake barabarani ndiyo iliyokuwa tumboni mwake nyumbani. Ghadhabu yake ilisafiri mwendo wote huo ikitafuta mtu asiyeweza kuirudisha. Ndivyo ilivyo kwa wengi wanaowapiga wake zao wakiwa wamelewa: hatusikii kwamba walimpiga chifu.

Haifai kudhani kwamba pombe haina hatia yoyote. Wataalamu wa mwili watueleza kwamba hulegeza sehemu ya mbele ya ubongo, ile inayomzuia mtu na kumkumbusha ya kesho. Mlevi huliona tusi lililo mbele yake tu, na mengine yote humfifia. Tena yaweza kuuzuia ubongo usiweke kumbukumbu. Kwa hiyo mtu asiyekumbuka asubuhi aweza kuwa alijua vema alilokuwa akilitenda usiku. Shirika la Afya Duniani lilikadiria kwamba mwaka 2019 pombe ilisababisha vifo milioni 2.6 duniani, na katika hivyo kama 700,000 vilitokana na majeraha: ajali za barabarani, kujiua, na watu kuumizana.

Lakini kulegea kwa kizuizi si sawa na kuamriwa. Mwaka 1969 Wamarekani wawili, Craig MacAndrew na Robert Edgerton, walitoa kitabu juu ya mwenendo wa walevi. Edgerton aliwajua watu wa Afrika ya Mashariki, maana mwanzoni mwa miaka ya 1960 alifanya uchunguzi miongoni mwa Wakamba, Wahehe, Wapokot na Wasebei. Walikusanya habari za mataifa mengi, wakaona kwamba kileo huwafanya watu wa mahali fulani wanyamaze, wa mahali pengine waimbe, na wengine wapigane. Na watu wale wale hubadilika kwa kadiri ya shughuli na wenzi wao. Neno lao lilikuwa kwamba mtu hujifunza kwa jamaa zake ni mambo gani mlevi husamehewa. Mwaka 1975 wataalamu wengine wa Marekani waliwapa vijana vinywaji na kuwadanganya wengine juu ya vilivyomo. Walioamini kwamba wamekunywa vodka, kumbe ni maji yenye ladha tu, walimwadhibu mwenzao kwa umeme mkali kuliko walioamini kwamba hawakupewa kileo. Uchunguzi wa baadaye umeonyesha kwamba kileo chenyewe nacho kina sehemu yake. Hata hivyo jaribio lile halijaniondoka akilini.

Nadhani wazee wetu wa Kimeru waliyajua haya bila umeme. Zamani pombe ya asali na ile ya nafaka zilikuwa na shughuli zake: mahari, upatanisho, baraza la wazee. Vijana wa rika la vita hawakuruhusiwa kunywa. Mlevi alikuwa mzee mbele ya wazee wenzake, na aliyevunja adabu aliulizwa na watu waliomjua. Sisemi kwamba wazee wote walikuwa malaika. Wake zao wangekuwa na yao ya kusema kama wangeulizwa. Lakini siku hizi kijana hunywa mahali ambapo hakuna hata mmoja mwenye haki ya kumwambia "inatosha." Sheria ya mwaka 2010 iliyohusu vileo, ambayo watu waliiita kwa jina la Bwana Mututho, iliweka saa za baa kuwa kuanzia saa kumi na moja jioni hata saa tano usiku siku za kazi. Saa zaweza kuandikwa. Mzee wa kuketi pembeni haandikwi.

Kuna jambo jingine linalonisumbua. Mwaka 2014 pombe yenye sumu ilipoua watu wengi huko Embu na kaunti nyingine, na mwaka 2024 ilipoua tena Kirinyaga, nchi nzima ilitikisika. Lakini panga la Jumamosi huua na kulemaza mmoja mmoja, na kila jalada hufungwa peke yake.

Nikamweleza kijana jinsi sheria ilivyo. Kifungu cha 13 cha Kanuni ya Adhabu ya Kenya chasema ulevi si kinga, ila mtu akileweshwa bila ridhaa yake kwa hila au uzembe wa mtu mwingine, au akipatwa na wazimu kwa ulevi, hata asijue alitendalo. Mahakama huweza kuufikiria ulevi inapopima kama alikuwa na nia. Zaidi ya hapo asitumaini mengi. Kumdhuru mtu vibaya adhabu yake yaweza kufika kifungo cha maisha. Nikamwambia nitaiandika barua, lakini sentensi ile ya kwanza siwezi.

Alikasirika. Alisema makarani wote ni wamoja na Serikali. Ndipo mama yake akasema, kwa sauti ndogo, "Mwanangu, panga nililificha mimi. Pombe haikujua nililiweka wapi."

Tulikaa kimya kitambo. Kisha kijana akasema niandike kwamba ni yeye. Nikaandika: "Mheshimiwa, nilimkata kaka yangu," na yaliyofuata alinisomea mwenyewe, neno kwa neno, wala sikuyasahihisha.

Kesi hiyo haijaamuliwa. Kaka yake ni fundi wa kupiga lipu. Nimemwona juma lililopita karibu na uwanja, akijifunza kushika mwiko kwa mkono wa kushoto.