UNGUJA BILA DISKO: Siku tatu na kima punju, kobe na pomboo

Muulize kijana yeyote wa Dar kuhusu Zanzibar, atakutajia vitu vitatu: pweza wa Forodhani, kujirusha Nungwi, na picha za kuwaringia washikaji akirudi. Masista duu ndiyo usiseme, sanduku zima limejaa nguo za kupigia picha, kitabu hata kimoja hamna. Sina ugomvi na mtu. Pweza wa Forodhani hata mimi simwachi. Lakini kile kisiwa kina wenyeji wengine, wakongwe kuliko nyumba zote za Mji Mkongwe, na wengi wetu tunapanda boti kwenda na kurudi miaka nenda miaka rudi bila kuwaona.

Safari hii tulikwenda sita, vijana watupu, tukachanga na kumkodi mtembeza watalii wa siku tatu. Na hapo nikupe siri mapema: ukishuka bandarini Malindi watakuzunguka vijana kibao, wanajua kila hoteli, kila gari na kila bei. Wazanzibari wenyewe wanawaita papasi. Jina linatosha. Tafuta mtembezaji mwenye kitambulisho, elewana naye bei ya siku zote tatu kabla hujaweka begi kwenye gari, maana kuelewana bei ukiwa tayari porini ni kimeo.

Hata kabla ya kushuka, utalii unaanza. Boti iendayo kasi inachukua kama saa mbili kutoka Dar, na ukikaribia mjini tazama mkono wa kulia: kuna kisiwa kidogo chenye mnara wa taa. Hicho ni Chumbe. Mnara ulijengwa mwaka 1904, na tangu mwaka 1994 matumbawe yake ni hifadhi, uvuvi marufuku. Baadhi ya wavuvi wa zamani wakageuka walinzi wa samaki wale wale. Vibanda vya kulala ni saba tu, na bei yake, mtu wangu, ni ya wenye dola. Sisi tulikiangalia kwa mbali tukasonga.

JELA ISIYOFUNGA MTU

Siku ya kwanza tulikwenda Changuu kwa mashua, kama nusu saa kutoka ufukwe wa mjini. Watalii wanakiita Kisiwa cha Jela, na wengi wanarudi kwao wakisimulia mateso ya wafungwa. Mtembezaji wetu alicheka. Jela ilijengwa kweli, mwaka 1893, na Lloyd Mathews, Mwingereza aliyekuwa waziri mkuu wa Sultani. Lakini haikupata wafungwa, ikageuzwa mahali pa kuwaweka karantini wasafiri walioshukiwa kuwa na maradhi. Waliokaa pale kwa taabu ya kweli ni watu wa kabla ya jela hiyo, watumwa, na hao watalii hawawaulizii sana.

Wenyeji wa sasa ni kobe wakubwa wa asili ya Aldabra. Wa kwanza wanne waliletwa zawadi kutoka Shelisheli mwaka 1919. Mmoja anaweza kuzidi kilo 200, yaani ni gunia mbili za mahindi zinazotembea. Gambani wameandikwa umri kwa rangi. Ukimkuna shingo anainyoosha taratibu na kufumba macho kama mzee anayesuguliwa mgongo.

Sasa sikiliza hesabu hii. Wanne wa mwaka 1919 walizaana hadi kufika kama 200 mwaka 1955. Halafu watu wakaanza kuwaiba, wengine kwa kitoweo, wengine kuwauza nje kwa matajiri wanaofuga viumbe wa ajabu. Ilipofika mwaka 1996 walikuwa wamebaki saba. Saba! Mnyama anayeweza kuishi zaidi ya miaka 100, mwizi anamaliza kazi kwa usiku mmoja na mashua moja. Ndiyo maana leo watoto wa kobe wanafungiwa kwenye uzio wao peke yao, na ukisogea na begi kubwa mlinzi hakutoi macho.

KIMA MWENYE VIDOLE VINNE

Siku ya pili ndiyo iliyonileta kwenye kuandika haya. Tuliondoka mjini alfajiri, barabara ya kusini, kama kilomita 35 hadi Jozani. Msitu huu pamoja na ghuba ya Chwaka ulitangazwa Hifadhi ya Taifa mwaka 2004, ukubwa wake ni kilomita za mraba 50. Kwa aliyezoea kusikia habari za Serengeti atasema hicho ni kiwanja cha mpira. Aje aone kilichomo.

Ndani ni baridi ya ghafla. Mitondoo mikubwa, mizizi imetambaa juu ya ardhi kama nyoka waliolala, maji yapo karibu sana chini hivi kwamba mvua ikinyesha sehemu nyingine unatembea kwenye dimbwi. Mtembezaji alitukabidhi kwa kijana wa hifadhi, mwenyeji wa Pete, kijiji cha jirani. Sheria zake chache: msiwape chakula, msiwaguse, na mwenye mafua akae nyuma kabisa, kwa sababu wanaweza kuambukizwa na sisi. Mmoja wetu aliyekuwa anapiga chafya tangu kwenye boti alinuna, lakini alikaa nyuma.

Kisha tukawaona. Kima punju, kundi zima, pengine 30 au zaidi, juu ya miti midogo kando ya barabara. Mgongo mwekundu, mabega meusi, tumbo jeupe, uso mweusi wenye midomo ya waridi, na nywele nyeupe zimesimama kuzunguka kichwa kama mzee aliyeamshwa kabla ya wakati. Mkononi vidole vinne. Gumba hamna, kimebaki kijinundu tu. Na kwa asili kima huyu hayuko Kenya, hayuko bara, hayuko popote duniani isipokuwa Unguja. Wachache walipelekwa kwenye msitu wa Ngezi kule Pemba miaka ya 1970, basi.

Jina la kitaalamu alipewa mwaka 1868, la John Kirk, Mwingereza aliyefanya kazi ubalozini Zanzibar. Jina la wenyeji ni la zamani zaidi na halimsifu hata kidogo. Punju ni sumu. Wazee waliamini mti anaoula unakufa, na mbwa akimla ananyonyoka manyoya. Kijana wa Pete alituambia bibi yake mpaka leo hapendi aende kazini bila kuoga mara mbili akirudi.

Kinachochekesha ni kwamba anayeogopa sumu ni kima mwenyewe. Tumbo lake ni la kula majani machanga na matunda mabichi, embe lililoiva vizuri halimfai. Majani ya mwembe na mkungu anayapenda, ila yana kemikali zinazomvuruga tumbo. Basi anakula mkaa. Ndiyo, mkaa wa jikoni! Anauokota kwenye tanuri lililozimwa au kwenye jiko la mtu nje ya nyumba, anatafuna, na mkaa unainyonya ile sumu. Wamefundishana, mama anamwonyesha mtoto. Mshikaji wetu mmoja akasema huyo ni msomi kuliko sisi tunaotibu tumbo kwa soda.

Uhusiano wao na wakulima haukuwa mzuri. Kima hawajui mpaka wa hifadhi, wengi wanaishi kwenye mashamba ya watu, na wakulima walilalamika kwamba wanawamalizia nazi. Watafiti walipokwenda kuhesabu minazi kweli, miaka ya 1990, walikuta jambo ambalo mkulima hakulitegemea: kima anakula vidaka, na minazi mingi inaangusha vidaka vingi hata bila kima. Mavuno hayakupungua kwa ajili yake. Lakini utamwambiaje hivyo mtu anayemwona kwa macho yake juu ya mnazi wake? Jibu lililofanya kazi zaidi lilikuwa la mfukoni. Sehemu ya kiingilio inarudi vijijini, na vijana wa pale ndio wanaoajiriwa kutembeza wageni. Nilimwuliza yule kijana kama anampenda kima. Akanitazama kidogo. “Ananilipia ada ya mdogo wangu, bwana. Utamchukiaje?”

Na barabara je? Ile lami inayokwenda kusini inapita katikati ya makazi yao, na kima anavuka bila kutazama kulia wala kushoto. Waligongwa wengi mpaka yakajengwa matuta. Vifo vikapungua, havikwisha. Tukiwa pale ilipita teksi ya watalii ikaruka tuta la kwanza kama farasi. Mama kima aliyekuwa na mtoto tumboni amemkumbatia alirudi mtini kwa hatua moja. Hakuna aliyesema kitu kwa muda.

Habari njema ipo. Hesabu kubwa iliyotolewa mwaka 2017 ilikuta kima punju zaidi ya 5,800, mara tatu na zaidi ya walivyodhaniwa. Kwa hiyo bado wapo wa kutosha kuhangaikiwa.

Kabla ya kuondoka tulipita kwenye mikoko ya Pete, juu ya njia ya mbao. Maji yalikuwa yamejaa, samaki wadogo wanapita kati ya mizizi, kaa wanakimbia kando kando. Hapo hata yule mwenye mafua alinyamaza.

CHUI ALIKWENDA WAPI?

Usiku tulilala kusini, na komba walilia nje kama watoto wachanga. Ndipo mtembezaji akatoa hadithi ya chui.

Unguja ilikuwa na chui wake, mdogo kuliko wa bara na madoa yaliyosongamana. Tatizo lake halikuwa kuku na mbuzi peke yake. Watu waliamini kwamba baadhi ya chui ni wa kufugwa, wachawi wanawatuma usiku kwenye nyumba za maadui. Baada ya Mapinduzi ya 1964 ikafanyika kampeni ya kuwasaka wachawi pamoja na chui wao, na msako ukaendelea miaka mingi. Miaka ya 1990 wataalamu walitafuta, wakakata tamaa. Mmoja aliyekaushwa aliwekwa makumbusho mjini. Mwaka 2018 watengeneza filamu kutoka Marekani walidai kamera yao ya usiku imemnasa chui msituni, lakini picha moja haijawatosha wataalamu.

“Nyie mnaamini yupo?” akauliza dada mmoja kati yetu. Mtembezaji akasema wazee wa vijiji fulani wakikusikia unauliza hivyo wanabadili mazungumzo.

NAHODHA NA POMBOO

Siku ya tatu, Kizimkazi. Pale Dimbani upo msikiti wenye maandishi ya mwaka 500 Hijria, yaani 1107, na watu wanaswali humo mpaka leo. Sisi tulipita haraka maana mashua ilikuwa inasubiri.

Pomboo wa hapa hawahami, wanakaa kwenye ghuba mwaka mzima. Hadi miaka ya katikati ya 1990 walivuliwa, nyama ikawa chambo cha papa. Watalii walipoanza kuja mwaka 1992 kuwatazama, wavuvi wakapiga hesabu: pomboo aliye hai analipa kila asubuhi, aliyekufa analipa mara moja. Uvuvi ukaisha.

Sasa wanakimbizwa. Tulipofika, jua bado jekundu, mashua tisa zilikuwa zimeshawazunguka pomboo kama sita, injini zinanguruma, nahodha anapiga kelele “Rukeni! Rukeni!” na wageni wanajirusha majini na miwani yao juu ya vichwa vya wanyama. Pomboo wanazama, wanaibukia mbali, mashua zote zinageuza. Watafiti waliochunguza wanasema pomboo wanaofukuzwa hivyo wanapunguza muda wa kupumzika na kula. Mama mmoja anabeba mimba mwaka mzima na kunyonyesha hadi miaka miwili. Atanyonyesha saa ngapi hapo?

Nahodha wetu alikuwa mzee mpole. Nikamwambia, “Shikamoo mzee, sisi tusiwafukuze. Zima mashine tukae.”

“Marahaba mwanangu. Nikizima, hamtaogelea nao. Mkirudi mtasema nimewaibia.”

Tukamwambia hatutasema. Akatutazama mmoja mmoja, kama anayetafuta mwongo ni nani, kisha akazima. Tukakaa pembeni, mawimbi yanatuyumbisha, dada wetu mmoja anatapika kimya kimya. Mashua nyingine zikawafuata pomboo kuelekea kusini. Dakika kumi, kumi na tano, hakuna kitu. Halafu puuu! Pumzi. Wawili, mkubwa na mdogo ubavuni mwake, wakapita kama hatua ishirini kutoka kwetu wakielekea ufukweni, hawana haraka.

Nilimwuliza mzee kwa nini hafanyi hivyo kila siku. “Mgeni amelipa na ana siku moja. Akikosa kwangu, kesho hoteli inampigia mwenzangu. Nyie ndio mnaolipa. Mkisema taratibu, tutakwenda taratibu.”

Kwa hiyo ukienda, sema taratibu, na useme nchi kavu kabla hujatoa ngawira. Omba kuondoka saa kumi na mbili asubuhi, mashua zikiwa chache. Jozani nenda asubuhi au alasiri, mchana kima wanalala. Chukua kitambulisho chako cha Mtanzania popote uendapo, kwenye boti na kwenye viingilio mgeni analipa bei nyingine kabisa. Viatu vya kufunga, dawa ya mbu, na kama tumbo lako si la bahari, kula andazi kavu kwanza. Yule dada alikunywa maziwa.